Kizazi cha Tatu Kinafungwa

Asubuhi niliyoondoka mji wa Salama sikuwa na sababu ya kuondoka, na kwangu hiyo imekuwa sababu ya kutosha tangu nilipoacha shule. Nilikuwa nalala nyuma ya gereji ambapo niliosha malori ya Mombasa. Niliamka, nikakunja blanketi, nikalitia kwenye begi pamoja na shati la pili, nikasimama kando ya barabara nikingoja kuona ni upande upi ungenipendeza. Mzee mmoja aliyekuwa akipita na baiskeli akaniuliza naenda wapi.

"Bado sijaambiwa," nikamjibu.

Akasimamisha baiskeli, akaniangalia begi, akaniangalia viatu, akaendelea na safari yake.

Kilichokuwa kikinisumbua wiki hiyo ni herufi. Simu yangu, niliyoachiwa na dereva mmoja baada ya kioo chake kupasuka, ilikuwa na tabia ya kuandika herufi pale juu pembeni. Nikiwa barabarani iliandika 4G. Nikienda nyuma ya gereji iliandika H. Nikiingia choo cha mabati iliandika E, na nikifunga mlango haikuandika kitu. Niliwauliza madereva. Mmoja alisema E ni ile ya geji ya mafuta, simu inaonya kwamba inaisha. Mwingine alisema H ni hospitali, kama kwenye vibao vya barabarani, na akanishauri nisilale sana upande huo wa gereji.

Aliyenieleza vizuri alikuwa fundi wa simu pale stendi, mwanamke aliyefuga ukucha mmoja mrefu wa kufungulia vifuniko. Asubuhi hiyo nilipitia kwake kuaga, nikakuta hana kazi, nikauliza.

"G ni ya Kizungu," alisema, "maana yake kizazi. Cha kwanza huku kwetu hatukukiona. Kilikuwa cha matajiri wa Nairobi, simu kubwa kama tofali, na sauti ilipita hewani hivyo hivyo ilivyo, kama redio. Cha pili ndicho kilileta kabambe, hizi za kubonyeza. Hicho kinageuza sauti kuwa nambari, halafu kinaibana. Ni kama mtu anayepanga nguo kwa sanduku dogo. Anatia hii, anaacha ile. Ndiyo maana kwa simu za zamani watu wote waliongea kama wameshikwa pua."

"Na E?"

"E ni kizazi cha pili kikijaribu kubeba intaneti, kinapumua kwa shida. Cha tatu kikaja na intaneti ya maana. H ni huyo wa tatu akikimbia. Cha nne ni intaneti tupu, hata sauti yako inapita kama intaneti, sanduku ni kubwa."

"Na cha tano?"

"Cha tano kiko pale," akasema, akanyoosha ukucha kuelekea bango kubwa juu ya kituo cha petroli, ambapo msichana mwenye meno mazuri alikuwa anaruka juu angani.

"Kimoja kikija, kingine kinaenda wapi?"

"Wanaishi wote kwa mnara mmoja, kama nyanya na mama na mtoto kwa nyumba moja. Shida ni nafasi. Siku inafika mmoja anaambiwa atoke."

Chini ya bango hilo kulikuwa na lori dogo lililobeba spika kubwa kuliko injini yake. Dereva alikuwa anazunguka akiuliza kila mtu kama anajua kusoma. Mtangazaji wake alishuka Salama kula nyama choma na hakurudi.

"Wewe unajua kusoma?" akaniuliza.

"Niliacha darasa la saba."

"Inatosha. Hii imeandikwa na watu wa chuo kikuu, haina maneno magumu. Tunaenda Kabati, Mwingi, mpaka Tseikuru. Utakula ninachokula na utalala ninapolala."

Nikapanda. Kampuni yenyewe sitaitaja, na sijui kama bado ipo. Ilikuwa imepata kazi ya kuwaandaa watu kwa mitambo mipya ya simu, na lori letu lilikuwa linatangulia kuwapa habari.

Kabati tulifika soko likiwa limechangamka. Dereva aliegesha kati ya wauza ndengu na wauza nyanya, akawasha spika, akanipa karatasi na kipaza sauti. Sikuwa nimewahi kuisikia sauti yangu ikiwa kubwa hivyo. Nikasoma kama mtu anayesoma habari:

"Mpendwa mteja! Je, bado uko na kizazi cha zamani? Furahi! Kuanzia sasa kizazi cha tatu kinafungwa rasmi. Kizazi cha pili kitafuata. Wataalamu wetu wako hapa leo kukuhudumia. Huduma ni bure, haina uchungu, na inachukua dakika chache tu. Njoo na kitambulisho chako."

Wewe unayesoma umeshaelewa. Mimi niliyekuwa juu ya lori nilikuwa bado nasikiliza utamu wa sauti yangu, kwa hiyo nikasoma tena.

Soko lilinyamaza. Nimekaa kwenye masoko mengi na sijawahi kusikia soko likinyamaza. Kisha muuza nyanya mmoja, mwanamke mpana aliyevaa leso ya kanisa, akasimama.

"Nani amekwambia changu ni cha zamani?"

Watu wakacheka, lakini si kicheko cha kumsaidia mtu.

"Mama, ni kizazi cha tatu tu," nikasema kwa kipaza sauti.

"Mimi niko na mmoja! Huyo wa tatu nimfunge sijampata?"

"Wanapita soko kwa soko siku hizi!" mwingine akapiga kelele. "Wamekosa watu hospitali, sasa wanafunga kizazi kwa lori!"

"Kwa lori, na bila kunawa mikono!"

Dereva alikuwa ameshika kichwa. Mwanamume mmoja mwembamba akaja upande wangu kimya kimya, akanivuta suruali, akauliza kama huduma iko ya wanaume pia na kama mke wake lazima ajue. Nyuma yake mhubiri wa soko, ambaye hadi hapo hakuwa na watu, aliona nafasi yake. Akapanda juu ya kreti ya soda akaanza kueleza ni nini kilichoandikwa juu ya kizazi cha tatu na cha nne na maovu ya mababu, na akasema yeye alijua, alijua tu, kwamba siku hiyo itatangazwa kwa spika.

Embe la kwanza lilinipiga begani. Lilikuwa limeiva sana, na nikaona kwamba bado kulikuwa na huruma. La pili lilikuwa bichi. Dereva akaniambia nishuke, nikaruka, akabonyeza wimbo wa kampuni, na tukaingia mbele huku wimbo unasema kwamba pamoja tunasonga.

Kulikuwa na mtu ndani.

Alikuwa mwanamke mzee, mkavu, ameketi katikati ya viti viwili kama aliyekata tiketi, kiondo magotini.

"Mimi cha kufungwa sina," akasema. "Changu kilijifunga chenyewe zamani. Nataka kujua habari ya simu."

Dereva aling'oa lori pale pale, na mzee yule akiwa ndani. Tulipofika mahali pasipo na maembe ndipo alipotueleza, akiongea Kiswahili cha kuchaguachagua, na pale kilipomwishia akamalizia kwa Kikamba.

Alikuwa mkunga. Alizalisha watu kutoka Kyuso hadi karibu na mto Tana, na nyumbani kwake kulikuwa mbele ya Tseikuru, kwenye kituo cha maduka machache na mbuzi wengi. Kitinda mimba wake alikuwa Uarabuni, akifanya kazi kwa nyumba ya watu. Simu yake mwenyewe huyo binti alinyang'anywa. Jumapili, watu wale wakilala mchana, aliazimwa simu na mpishi, akapiga nambari moja tu aliyoijua kwa kichwa, ya mama yake. Hivyo ndivyo walivyozungumza miaka yote hiyo. Halafu mnara wa kwao ukabadilishwa mitambo, na tangu siku hiyo kabambe ya mama haijalia. Jumapili zilikuwa zinapita tu, ndipo akaja Kabati kutafuta wa kumweleza.

"Atasema nimekufa," alisema. "Atalia. Na huko akilia, atanyamazishwa na nani?"

Alitoa kabambe kutoka kwenye kitambaa, na kitambaa kutoka kwenye mfuko wa plastiki. Ilikuwa safi kuliko kitu chochote ndani ya lori.

"Mwaitu," nikamwambia, yaani mama yetu, kwa kuwa kwetu mama wa mtu ni mama yako, "hapa Kabati bado inashika. Si ukae hapa mpaka Jumapili?"

"Ni kesho. Na ile ingine? Nihamie Kabati? Mbuzi wapokee simu? Tena lazima awasikie. Kila Jumapili anauliza mbuzi. Akisikia magari atajua kuna kitu."

Dereva hakuwa mtu mbaya. Pia alikuwa na tatizo: kila kituo ilikuwa lazima atoe simu moja ya zawadi kwa mshindi na kupiga picha, na hapo Kabati washindi wote walikuwa wanatafuta mawe. Akasimamisha lori kando ya barabara.

"Mama, swali. Kizazi cha nne ni nini?"

"Ni wajukuu wa watoto wangu."

"Umeshinda," dereva akasema, akampa simu kubwa nyeusi ya kioo, akampiga picha. Kwenye picha ile anaonekana kama amekamatwa.

Tulidhani tumemaliza. Tulipofungua kabambe tukaona laini yake ni ile ya zamani, kubwa kama ukucha wa dole gumba la mguu, na simu mpya ilitaka laini ndogo kama punje ya mahindi. Hili nalo nimelifikiria sana njiani. Simu zinavyozidi kuwa kubwa ndivyo laini zinavyozidi kuwa ndogo, na sijaona mtu anayeshangaa.

"Si shida," dereva akasema. "Mwingi tutakata laini."

Mkunga akafunga kiganja.

"Mkate laini?"

"Tuipunguze tu, iingie."

"Nambari ni kumi," akasema. "Ukikata, zinabaki ngapi?"

Dereva akawasha lori tena.

"Zinabaki zote, mama."

"Zinatoshaje kwa kitu kidogo? Utakata za mbele ama za nyuma? Huyo mtoto anajua nambari moja. Akipiga kumi na hapa ziko sita, si atapata mtu mwingine? Si atamwambia huyo mtu 'mwaitu'?"

Kutoka Kabati hadi Migwani tulimweleza. Kutoka Migwani hadi Mwingi alitueleza yeye. Nakiri kwamba karibu na Mwingi nilikuwa nimeanza kuona anachosema, kwa sababu sikujua nambari zinakaa sehemu gani ya laini, na dereva naye, alipobanwa, alisema ziko "hapo ndani ndani".

Mwingi kulikuwa na duka la vifaa vya simu la bwana mmoja ambaye ukoo wake ulitoka pwani zamani, na Kiswahili chake kilikuwa kimenyooka kiasi kwamba sisi watatu tulianza kuongea polepole. Alitukaribisha viti. Alisikiliza kisa chote bila kucheka, isipokuwa masikio yake yalicheka.

"Mama yangu," alisema, "nambari haikai kwenye plastiki. Inakaa kwenye hiki kidhahabu, nacho hatukigusi. Plastiki ni shati tu. Twampunguzia shati."

"Nionyeshe kwa mwingine kwanza."

Wote wakanigeukia.

Laini yangu ilikuwa ya saizi ya kati, kwa hiyo ilikuwa na shati kidogo la kupunguzwa. Nikaitoa. Bwana wa duka akachukua kile chombo chao kinachofanana na stepla, akaiweka, akasema Bismillah, akabonyeza. Ilianguka mezani ndogo, nzuri kabisa. Tukaitia kwenye simu ya zawadi. Simu ikafikiri. Kisha ikaandika kwamba hakuna laini.

Aliitoa, akaisogeza kwenye mwanga. Stepla ilikuwa imeng'ata dhahabu.

"Hii ni mara ya kwanza kunitokea," akasema.

"Maishani?" dereva akauliza.

"Leo."

Mkunga alicheka kwa mara ya kwanza tangu Kabati. Alicheka mpaka akajifuta macho kwa kile kitambaa cha simu.

"Sasa huyu hana hata moja! Zote kumi zimetoka!"

Bwana wa duka alitaka kunirudishia laini nyingine, lakini ilihitaji kitambulisho, na changu kilibaki Salama kwenye suruali niliyomwachia mtu. Nikasema si kitu. Watu walionipigia walikuwa wachache, na wengi walikuwa wakitafuta aliyekuwa na nambari ile kabla yangu. Mkunga aliomba ile laini yangu iliyokufa, akaifunga kwenye pindo la leso. Usiku huo alilala kwa familia ya bwana wa duka, ambao walimpa kitanda na chapati. Dereva na mimi tulilala chini ya spika.

Asubuhi tukaelekea kaskazini. Simu yangu bila laini haikuwa na herufi za kusoma tena, kwa hiyo nilisoma ya dereva iliyokuwa kwenye dashibodi. Mwingi ilikuwa 4G. Mbele kidogo ikawa H, kisha E, na nikaona tunarudi nyuma kizazi baada ya kizazi, wakati mbuzi wanaongezeka na madaraja yanapungua. Mahali fulani baada ya Kyuso hata E ikachoka. Palikuwa na mchanga mwekundu, miba, na simu ya dereva ikiwa haina la kusema. Nilifurahi sana. Nilikuwa nimefika kabla ya kizazi cha kwanza.

"Hapa ndipo sisi tulizaliwa," mkunga akasema, akidhani naangalia miti.

Kyuso tulikuwa tumesimama kutangaza. Nilikwisha kufuta neno kizazi kila mahali kwenye karatasi na kuandika jii, na nikatangaza kwamba jii ya tatu inafungwa. Hakuna aliyekasirika. Watu wawili walikuja kuuliza kama jii inapandwa wakati wa mvua ya vuli au ya masika. Dereva akasema tunaendelea vizuri.

Tulipita Tseikuru watu wakiwa kanisani. Kwa mkunga tulifika jua likiwa juu kabisa: nyumba mbili za mabati zinazotazamana, zizi la miti ya miba, na juu ya kilima mnara mpya uliopakwa rangi nyekundu na nyeupe, unang'aa kama pipi. Simu ya dereva, ambayo kwa masaa ilikuwa bubu, ikaandika 4G. Mahali hapo palikuwa pamevuka kutoka cha pili hadi cha nne bila kumsalimu wa tatu.

Dereva hakuweza kukaa. Ilikuwa lazima arudi Tseikuru akatangazie watu wakitoka kanisani, na akasema kwamba kwa watu wa kanisani afadhali awapigie wimbo tu. Alinishika mkono.

"Nitakupigia," akasema, akaondoka.

Mkunga hakungoja vumbi litulie. Alinawa mikono hadi kwenye viwiko. Akaleta kigoda, akakiweka kivulini, akatandika kanga safi juu yake. Akaleta wembe, uzi, na chungu kidogo cha majivu ya moto.

"Mashine haijui kukata," aliniambia. "Mashine inauma. Shika hapa. Usitetemeke."

Aliweka laini yangu iliyokufa juu ya laini yake, ili aone mpaka. Kisha akachukua uzi akaifunga yake upande huu, akaifunga upande ule, fundo mbili mbili.

"Uzi ni wa nini, mwaitu?"

"Umewahi kuona kitovu kikikatwa kabla ya kufungwa?"

"La."

"Basi."

Akakata. Alikata polepole, wembe ukiingia plastiki kama unaingia siagi, upande mmoja, akageuza, upande wa pili. Alipunguza pembe. Hakugusa dhahabu. Vile vipande vilivyobaki, vikiwa bado na uzi, alivitia kwenye majivu, na nikajua atavizika.

Simu ikaipokea laini. Ikaandika 4G. Akaiweka juu ya kigoda, akakaa chini kuitazama, mikono magotini, vile nadhani alivyokaa mbele ya wanawake wengi waliokuwa wakichelewa. Mimi nilikaa upande wa pili. Mbuzi walikuja wakasimama. Kivuli cha nyumba kilisogea kikafika kwenye miguu yangu, kikaivuka.

"Saa zake ni hizi," akasema.

Baadaye akasema, "Wakati mwingine mpishi anachelewa."

Baadaye tena akaanza kuufungua na kuufunga ule uzi uliobaki.

Ilipolia, wote wawili tuliruka, kwa sababu ilikuwa inalia wimbo wa kampuni. Pamoja tunasonga. Mbuzi walitawanyika. Mkunga aliikamata simu akatafuta cha kubonyeza, na hakukuwa na cha kubonyeza, ilikuwa kioo tupu. Alibonyeza kioo. Alibonyeza mgongo. Aliigonga.

"Vuta!" nikasema. "Vuta hiyo ya kijani, kwa kidole!"

"Nivute wapi?"

"Juu! Kama unafuta machozi, lakini kwenda juu!"

Akavuta. Sauti ikatoka, kubwa, safi kabisa, kama mtu amesimama nyuma ya mlango.

"Mwaitu?"

Nikaona uso wake unabadilika, lakini si kwa furaha. Aliisogeza simu mbali na sikio, akaitazama kwa shaka.

"Wewe ni nani?"

"Ni mimi, mwaitu. Mwana waku."

"Aiee. Mwana wakwa, mtoto wangu, namjua sauti. Yeye anakwaruza. Yeye yuko mbali."

Hapo nikamkumbuka fundi wa Salama na lile sanduku lake dogo. Miaka yote hiyo mtoto alikuwa anafika akiwa amefinywa, nusu yake imeachwa njiani, na mama alikuwa amezoea ile nusu, akaipenda. Huyu mzima hakumjua.

"Hawa ni wale matapeli," akaniambia kwa kunong'ona. "Wanajifanya mtoto wako."

"Muulize kitu," nikanong'ona nami.

Akafikiri. Akarudisha simu sikioni, amekunja sura.

"Kama ni wewe. Nilikuzaa wapi?"

"Kwa shamba la ndengu. Ulikuwa peke yako."

"Hiyo kila mtu anajua. Nilikukata kitovu na nini?"

Kule ng'ambo kulikuwa kimya. Tulisikia hata kimya chenyewe, sahani ikiwekwa mahali, maji yakitiririka.

"Na wembe wa baba," sauti ikasema. "Ulikuwa umemchukulia ukienda shambani, akiwa katikati ya kunyoa. Akaenda kanisani na ndevu upande mmoja. Mchungaji akamuuliza kama ni nadhiri."

Mkunga alikaa chini kwenye kanga, juu ya kigoda, juu ya wembe nusura.

"Mbona una sauti hivyo?" akasema. "Umenenepa?"

Yule binti alikuwa analia na kucheka, na hiyo nayo ilikuja yote, haikuachwa hata kidogo. Alisema alidhani. Mama yake akamwambia asimdhanie, alikuwa Kabati kwa kazi. Akamwambia wazi kwamba nambari imekatwa lakini imebaki kumi zote, amezihesabu. Kisha akainua simu juu kuelekea zizi, akawaita mbuzi kwa mdomo, na mbuzi wakajibu mmoja mmoja.

Vumbi la mbuzi likanikaba, nikakohoa.

"Ni nani huyo anakohoa?" binti akauliza. Kizazi cha nne hakifichi mtu.

"Ni mtu hana laini," mama akasema.

"Hana laini kivipi?"

"Alikatwa vibaya Mwingi. Na lori limemwacha."

"Sasa atalala wapi?"

Mkunga akanitazama kama aliyekuwa hajalifikiria hilo. Mimi pia sikuwa nimelifikiria.

"Alale kwa nyumba yangu," binti akasema. "Ile blanketi ya maua usimpe."

Nyumba ya binti ilikuwa ile ya pili, inayotazama ya mama. Mkunga alinifungulia, akafagia kidogo, akatoa blanketi la maua kutoka kitandani akaondoka nalo. Kulikuwa na kitanda cha mbao, dirisha moja linaloona mnara, na ukutani kulikuwa na msumari wenye alama ya mafuta chini yake. Hapo, alinieleza, ndipo kabambe ilikuwa inatundikwa miaka yote, kwa sababu ndipo netiwaki ilikuwa inashika, hapo tu, na ukiisogeza kidogo inapotea. Kila Jumapili alikuwa anasimama hapa, sikio kwenye ukuta.

Akaleta simu mpya ndani ya mfuko wa plastiki, akaitundika kwenye msumari ule ule.

"Mwaitu, hii inashika kila mahali. Hata kule nje imeshika."

"Najua," akasema, akiunyoosha mfuko. "Ikilia na mimi sipo, vuta juu. Umwambie ni wewe wa kukohoa."

Nikaweka begi langu chini ya msumari.